Kuajiriwa Mambo ya Nje si kuwa balozi

Ndugu uliyeuliza kama ukiajiriwa Mambo ya Nje basi ushakuwa balozi: hapana, hiyo safari ni ndefu. Ukipangiwa kituo nje unaweza kuanza kama katibu wa tatu wa ubalozi, ukapanda taratibu hadi cheo cha mshauri. Na kazi ya huko chini haina suti kila siku. Leo unamhangaikia Mtanzania aliyepoteza pasipoti, kesho unafuatilia vibali vya kurudisha maiti nyumbani, usiku unaandika ripoti kuhusu bunge la nchi uliyopo.

Cheo chenyewe cha balozi ni uteuzi wa Rais. Anaweza kumchukua mwanadiplomasia wa miaka 25 kazini, au mwanasiasa, au mwanajeshi mstaafu (hapo ndipo wenye fani hununa kimya kimya). Tena nchi inayompokea sharti imridhie kwanza, ndivyo Mkataba wa Vienna wa 1961 unavyotaka.

Wa kupaa haraka walikuwepo: Salim Ahmed Salim alipelekwa Misri kuwa balozi 1964, ana miaka 22 tu. Ila nchi ilikuwa changa, watu wachache. Wewe anza na chuo cha diplomasia pale Kurasini, Dar es Salaam, na Kifaransa au Kiarabu usikidharau.