Sauerbraten ikitoka ngumu na chachu, usilaumu siku za kuloweka

Mleta uzi, pole sana kwa Jumapili yako. Umesema uliloweka nyama ya Sauerbraten (pishi la Kijerumani la nyama, kwa kawaida ya ng'ombe, inayolowekwa kwenye siki kabla ya kupikwa) siku 4, ukaipika saa moja na nusu kwa moto mkubwa, ikatoka ngumu, na mchuzi ukawa mchachu mpaka wageni wakausogeza pembeni. Unauliza kama upunguze siku za kuloweka. Usipunguze. Naishi Köln, Ujerumani, na Sauerbraten nimefundishwa na mama mkwe wangu, mzaliwa wa hapa hapa. Kwa ulivyoeleza, tatizo liko kwengine.

Kwanza nyama yenyewe. Ulichukua kipande cha bei, kisicho na mafuta wala utando. Kwa pishi hili hapo umetupa pesa. Mwombe muuza nyama kipande cha bega, wao wanaita Schulter, kilo 1 na nusu, chenye utando mweupe unaopita katikati. Utando huo ndio unaoyeyuka ukawa ute, nyama ikalainika na mchuzi ukapata uzito. Siki inaingia ndani ya nyama polepole mno. Kazi yake kubwa siku zote hizo ni ladha. Ulaini unaletwa na moto mdogo na muda: saa 3, hata 3 na nusu, sufuria imefunikwa, mchuzi unatokota taratibu, povu moja hapa, jingine pale. Ukiuchemsha kwa fujo, nyuzi za nyama zinajikaza na kutoa maji yake yote, na hata kama utando upo haupati nafasi ya kuyeyuka. Ndicho kilichokupata.

Halafu ile sufuria ya alumini uliyotoka nayo nyumbani, uliyolowekea nyama. Ninazo mbili na sizigawi kwa mtu, ila siki inaila alumini, na ile ladha ya chuma uliyoilalamikia imetoka humo. Loweka kwenye bakuli la kioo au la kauri.

Mimi nachemsha nusu lita ya siki ya mvinyo mwekundu, nusu lita ya mvinyo mwekundu na maji kidogo, pamoja na vitunguu 2, fungu moja la Suppengrün (lile la karoti, liki na kipande cha mzizi wa selari, wanaliuza likiwa limeshafungwa), karafuu 4, pilipili manga nzima, majani 2 ya Lorbeer (bay leaf) na punje 6 za Wacholder, zile nyeusi zenye harufu ya msituni. Yapoe kabisa ndipo uimwagie nyama mpaka izame. Friji siku 5, kila siku unaigeuza. Kwa wasiotumia mvinyo, weka maji mahali pake. Siki na maji peke yake inatoa Sauerbraten nzuri tu.

Siku ya kupika, naomba usiikimbilie hatua ya kukausha. Mara yangu ya kwanza niliipangusa juu juu. Ilipogusa mafuta ikatoa maji, ikaanza kujichemsha, ikawa ya kijivu, na mchuzi wote ukapwaya. Mara iliyofuata mama mkwe alinipa kitambaa, kilipolowa akanipa cha pili, akanionyesha kubonyeza kila upande mpaka kitambaa kitoke kikavu. Nyama iliyokaushwa hivyo ikigusa mafuta ya moto unaisikia inavyolia, na ndani ya dakika 4 upande ule umeshika rangi ya kahawia iliyoiva. Zungusha pande zote. Kisha kaanga zile mboga ulizozichuja, ndipo urudishe maji ya kulowekea, lakini si yote! Anza na nusu lita, ongeza supu ya ng'ombe kiasi hichohicho. Yaliyobaki yaweke akiba.

Uchachu unasawazishwa mwishoni, kwenye mchuzi. Hapa Rheinland, eneo la Köln na jirani zake, tunaweka zabibu kavu na Printen, zile biskuti ngumu za viungo kutoka Aachen. Nyama ikishaiva itoe, chuja mchuzi, vunjavunja Printen 3 au 4 humo, koroga mpaka ziyeyuke. Zinaleta utamu na kuufanya mchuzi uwe mzito kwa pamoja, huhitaji unga. Tia zabibu kiganja kimoja, onja. Bado inakuuma ulimini? Kijiko cha Rübenkraut, ile asali nyeusi ya viazisukari. Imezidi utamu? Ndiyo kazi ya ile akiba. Usiache kuonja mpaka utamu na uchachu vifike mdomoni kwa pamoja. Ukienda Schwaben, kusini mwa Ujerumani, hutakuta utamu huu, na wana haki yao, ila mimi nimelelewa jikoni huku.

Kwa taarifa tu, Sauerbraten ya asili ya Rheinland ilikuwa ya nyama ya farasi, na bado iko migahawa michache inayoipika. Kama huli farasi, uliza kabla ya kuagiza.

Ukiweza, pika Jumamosi. Nyama iliyolala inakatika vipande vizuri, kisu kikikatisha nyuzi, kisha unaipasha ndani ya mchuzi wake. Andaa na madonge ya viazi na kabichi nyekundu iliyopikwa na tufaha. Mchuzi uwe mwingi, maana madonge yanaunywa.