Usiuze wudi 5 yako ili ununue wudi 3 ya nyuzi 13.5

Mkuu, simama hapo hapo. Umesema una handikapu 22 ya gofu (yaani mikwaju 22 hivi juu ya kiwango cha uwanja), unachezea Lugalo hapa Dar, umepata wudi 3, ile fimbo ya kichwa kinene ya kupiga mbali, yenye lofti (mlalo wa uso wa fimbo) ya nyuzi 13.5 na shafti, yaani mpini, ngumu ya herufi S, na ili hela itimie unataka kuuza wudi 5 uliyonayo, yenye lofti kubwa zaidi. Ukauliza pia chapa ipi ni bora, na kama haibridi (mchanganyiko wa wudi na fimbo ya chuma) bado ina kazi kwenye begi. Hayo mengine tutayafikia. Wudi 5 usiiuze. Kama ulishapokea advansi ya mnunuzi, mrudishie leo leo.

Biashara hiyo hiyo niliifanya mimi, na ikitajwa mpaka leo napandwa na hasira. Aliyeniuzia alikuwa fundi wa duka la vifaa, mtu mwenye maneno matamu na skrini kubwa ukutani. Akanisimamisha juu ya kapeti la plastiki mbele ya wavu, akaweka mpira juu ya tii ya raba, kile kijiti cha kuinua mpira, akasema chapa. Nikachapa. Skrini ikaandika yadi 220 na ushee, yeye akapiga makofi. Akaniambia wudi 3 ya lofti ndogo ndiyo fimbo ya wanaume, kwamba wudi 5 ni ya wazee waliostaafu, na kwamba lofti ikinisumbua yeye ana spana, ataipandisha kadiri nitakavyo. Hata mara moja hakuushusha ule mpira kutoka juu ya tii. Na hakuniuliza jambo ambalo muuzaji yeyote mwenye nia njema angeanza nalo: hii fimbo utaipigia wapi?

Maana wewe na mimi tunajua inapigiwa wapi. Umeshapiga draiva, ile fimbo ndefu ya kuanzia, mpira umelala chini, umebakiza yadi 200 na kitu kwenye par 5 (shimo la mikwaju mitano), na mbele kuna bunka la mchanga linakusubiri. Hapo hakuna tii wala kapeti. Kuna udongo wa Dar, mkavu na mgumu kuanzia Juni, umefunikwa na nyasi chache zilizochoka.

Kapeti linadanganya kuliko hata muuzaji. Ukigusa chini vidole viwili nyuma ya mpira, kichwa cha fimbo kinateleza juu ya plastiki, kinaufikia mpira, na skrini inakupa yadi za kupendeza. Rudia kosa hilo hilo uwanjani: kichwa kinachota udongo na mpira unasogea hatua chache, au kinadunda na kuuchapa mpira kichwani, unatambaa mpaka unapochoka. Ile shoti iliyokufanya utoe pochi dukani, kwenye feawei, ile njia ya nyasi fupi, ni shoti ya aibu.

Tii nayo inaficha mengi. Kwa sheria mpira wa gofu haupaswi kuwa na kipenyo chini ya milimita 42.67, kwa hiyo ukilala chini, katikati yake iko kama sentimita mbili tu juu ya ardhi. Wudi 3 nyingi za lofti ndogo zina uso mrefu na uzito uliokaa juu, kwa sababu zimetengenezewa mtu mwenye kasi kubwa anayezitumia sana kwenye tii anapoogopa kutoa draiva. Mpira uliolala chini unagongwa na sehemu ya chini ya ule uso, chini kabisa ya kitovu cha uzito. Unatoka bapa na bila nguvu. Wudi yenye uso mfupi na uzito uliokaa chini inapita chini ya mpira na kuunyanyua bila wewe kuhangaika kuunyanyua. Simamisha fimbo mbili hizo sakafuni pamoja na mpira, inama utazame kwa upande, utaliona jambo hili kwa macho kabla hujapiga hata shoti moja.

Halafu kuna kasi ya kichwa cha fimbo, ambayo yule fundi aliiona kwenye skrini yake akanyamaza. Mpira haukai hewani kwa nguvu peke yake. Unahitaji kutoka kwa pembe ya kutosha na kuzunguka kinyumenyume ili hewa iubebe. Mwenye kasi kubwa anavipata vyote viwili hata kwa nyuzi 13.5. Asiye na kasi anapata mpira unaopanda kidogo, unaishiwa pumzi, unaanguka. Ndiyo maana watu wa kasi yetu tukipima umbali wa angani tu, bila kuhesabu kubiringika, wudi 5 ya nyuzi 18 inafika sawa na wudi 3, na mara nyingi inaipita.

Jedwali la TrackMan, mashine ya rada ya kupima mikwaju, ambalo walimu wa gofu wamelitumia kwa miaka mingi linaweka wastani wa kasi ya draiva ya wanaume wa kulipwa wa PGA Tour kwenye maili 113 kwa saa, na ya wanawake wenzao wa LPGA kwenye maili 94. Sisi wanaume wa kawaida wa klabu tuko kwenye tisini hivi, wengi chini ya hapo. Sasa jiulize nani anafaa kuwa kioo chako. Wale wanawake ni mabingwa wa dunia, kasi yao inakaribiana na yetu, na mabegi yao utakuta wudi 5, wudi 7, wengine hata wudi 9. Wanajua mpira unanyanyuliwa na nini. Sisi tunaacha kuwaiga hao, tunakwenda kumuiga kijana wa televisheni anayetuzidi kasi kwa maili ishirini.

Na kama bado unaona aibu kubeba lofti kubwa, Dustin Johnson wa Marekani alishinda mashindano makubwa ya Masters ya mwaka 2020 kwa mikwaju 268, rekodi ya mashindano yale, akiwa na wudi 7 ndani ya begi. Mtu mwenye kasi kama ile! Na ile shoti iliyoifanya Augusta, uwanja wa Masters, ijulikane duniani, Gene Sarazen mwaka 1935, shimo la 15, yadi 235, mpira ukaingia shimoni kwa mkwaju wa pili kwenye par 5, aliipiga kwa wudi 4. Aliupiga kutoka chini, kwenye nyasi. Yule fundi ningemkuta leo ningemuuliza kama Sarazen naye alikuwa mstaafu.

Sasa ile hadithi ya spana. Hapa soma polepole, kwa sababu ndipo mikwaju yangu mingi ilipopotelea, na naona na wewe umeandika "lofti si tatizo, inarekebishika". Shingo ya kurekebisha, pale shafti inapoingia kwenye kichwa, haibadilishi lofti peke yake. Ukipandisha lofti, uso unafunga. Ukiishusha, uso unafunguka. Fundi alipoipandisha 13.5 yangu kuelekea 15, uso ukageukia kushoto, na mimi ni wa mkono wa kulia, tena mpira wangu una asili ya kupinda kushoto. Shoti nilizozipiga vizuri zikawa zinaingia kwenye miti ya kushoto, na zile mbaya zikawa zinatoka nje ya mipaka, adhabu juu yake. Nikairudisha dukani. Unajua aliniambia nini? Kwamba fimbo haina shida, shida ni mikono yangu, na kwamba masomo yanapatikana, kwake huko huko, kwa malipo. Mtu amekupima kasi kwa mashine yake mwenyewe, akakuuzia fimbo isiyolingana na kasi hiyo, halafu anakuuzia na dawa. Mkuu, mimi huyo simsamehi.

Shafti ya S ikamalizia kazi. Kwa mtu asiye na kasi, shafti ngumu haipindi vya kutosha kusaidia mpira kupanda, na kwa wengi wetu inauacha uso wazi na mpira unakwenda chini, kulia. Kwa hiyo nilikuwa na uso uliofungwa na spana na shafti inayovutia upande wa pili. Sikujua mpira utakwenda wapi mpaka umeshakwenda.

Lakini hayo yote yangevumilika kama wudi 5 ingekuwa bado ndani ya begi. Hapo ndipo penye uchungu wenyewe, na ndiyo sababu nimeandika maneno mengi hivi. Ukiiuza, unabomoa daraja lililo kati ya draiva na fimbo zako za kati. Kwenye par 5, mkwaju wa pili unakuwa hauna fimbo: wudi 3 huiamini, aini (fimbo ya chuma) inakuacha mbali. Par 4 ndefu zinageuka kuwa za mikwaju mitatu kufika grini, penye shimo. Par 3 za yadi 180 na kuendelea unazipiga kwa roho mkononi. Handikapu inaanza kupanda na hujui kwa nini, kwa sababu draiva ni ile ile na pata, fimbo ya kusukumia mpira shimoni, ni ile ile. Nilimfuata aliyenunua wudi 5 yangu, nikamwomba anirudishie, nikamwambia naongeza na hela. Akacheka, akasema hiyo fimbo haitoki nyumbani kwake. Tunacheza naye hadi sasa, na kila tukifika par 5 anaitoa polepole mbele yangu. Na ile wudi 3, nilipotaka duka liinunue, wakataja nusu ya bei niliyoilipa, huku wakiikagua kama wanaiona kwa mara ya kwanza.

Watakuja ndugu zetu wa Nairobi hapa chini kusema wudi 3 haina tabu. Kwao ni kweli, na sababu ziko wazi. Nairobi iko zaidi ya mita 1,600 juu ya usawa wa bahari, hewa ni nyepesi, mpira unakwenda mbali kuliko huku kwetu. Na feawei za nyasi za kikuyu kama za klabu ya Muthaiga zinaushika mpira juu ya majani, umekaa karibu kama uko kwenye tii. Sisi Dar tuko usawa wa bahari, hewa nzito, na mpira unakaa chini kwenye ardhi. Masika ikija, ule mbiringiko ambao wudi 3 inautegemea unaisha kabisa: mpira ukitua umetua. Kwa hiyo yadi za rafiki yako wa nyanda za juu zisiingie kwenye hesabu zako, hata kama anaapa.

Kanuni yangu ni moja na siilegezi: feawei wudi inachaguliwa kwa mpira uliolala chini, kwenye nyasi za uwanja unaouchezea wewe, na inapimwa kwa mahali mpira unapotua. Ukishindwa kuunyanyua, ongeza lofti. Ukishindwa tena, ongeza tena. Sijali mwuzaji ni nani, sijali rangi ya kichwa, sijali imeandikwa nini chini.

Namna ya kuijaribu ni rahisi. Mwombe mwuzaji akuazime fimbo uende nayo uwanjani. Akikataa, hiyo peke yake inatosha kukupa jibu. Nenda jioni watu wakiwa wachache, tafuta sehemu ya feawei iliyochoka, si ile yenye majani mazuri. Mwombe kedi, mbeba begi, asimame mbele atie alama mahali mpira unapotua, asihesabu kubiringika. Piga kwa fimbo unayotaka kununua, kisha piga kwa wudi 5 yako, zamu kwa zamu, mpaka uchoke kidogo, kwa sababu shimo la 16 utalipiga ukiwa umechoka. Usiangalie ile shoti moja iliyokwenda mbali kuliko zote. Yule fundi aliishi kwa shoti hiyo moja. Angalia zile mbovu: zimeishia wapi? Ikiwa mbovu za wudi 5 bado ziko kwenye nyasi na mbovu za wudi 3 ziko msituni, umeshajua.

Ukitaka kabisa kuongeza fimbo, sheria inakuruhusu 14, na nakuhakikishia kwa handikapu 22 kuna aini ndefu kwenye begi lako ambayo hujaigusa tangu uinunue. Toa hiyo, weka wudi 7 ya nyuzi 21. Inakuwa fupi kidogo kuliko wudi 5, kwa hiyo ni rahisi kuigonga katikati ya uso, inatoka kwenye rafu (nyasi ndefu), na mpira unashuka kutoka juu na kusimama, grini inaupokea. Haibridi ya lofti ile ile ni fimbo nzuri pia, ila huwa inatoka chini zaidi, na kwa wengi wetu inapenda kushoto. Mimi nimechagua wudi.

Jumamosi asubuhi nitakuwepo Lugalo, nina wudi 5 niliyoipata baada ya kuitafuta sana, na wudi 7, zote shafti ya R, iliyo laini kuliko S. Njoo uzipige kwenye nyasi kabla hujampa mtu hela. Mipira uje na yako.