Pakeezah: mazungumzo ruka ukitaka, nyimbo usiziguse

Mkuu, umeuliza kama unaweza kuitazama ile filamu ya Kihindi, Pakeezah, huku unazipeleka nyimbo mbele, maana umefika nusu saa ukachoka, na mama yako amekununia. Jibu langu ni hapana, na mama yako ana haki ya kununa. Kwa picha nyingi za Kihindi mpango wako ungefaa kabisa. Wimbo unaanza, steringi na mpenzi wake wanajikuta milimani, wanabadilisha nguo mara kadhaa, wanarudi, na hadithi iko palepale ulipoiacha. Hii sio ya namna hiyo.

Nayasema haya kwa sababu nimekulia nyuma ya kaunta. Mjomba wangu alikuwa na duka la kukodisha mikanda ya video Tanga, na jioni mimi ndiye niliyekuwa naipokea ikirudi na kuijaribu kwenye deki kabla ya kuipanga rafuni. Nakala zetu za Pakeezah zilitoka Dubai, chini zina maandishi ya Kiarabu ambayo wateja wetu wengi hawakuhangaika nayo. Ukiuweka mkanda uliokwishakaa dukani muda mrefu ulikuwa unaona wazi umechakaa wapi. Kwenye mazungumzo picha safi. Ukifika wimbo tu, michirizi myeupe inapanda na sauti inayumba, kwa jinsi watu walivyokuwa wakirudisha nyuma na kucheza tena na tena. Na hao hao, Kiurdu hawakijui, walikuwa wakikaa kibarazani na kukusimulia picha yote, tena kwa kufuata nyimbo: hapa ndipo alipompenda, hapa ndipo alipokata tamaa.

Hadithi kwa kifupi, kwa wasioijua (ni picha ya 1972, msinilaumu kwamba nimetoboa siri). Nargis ni mwanamke wa kotha, zile nyumba ambazo wanaume wenye fedha walikwenda usiku kusikiliza wanawake wakiimba na kuwatazama wakicheza. Anapendwa na Shahabuddin, kijana wa nyumba ya watu wakubwa, anapelekwa kwao, wanamkataa. Anakimbilia makaburini, anajifungua mtoto wa kike na kufia hukohuko. Mtoto, Sahibjaan, analelewa kotha na Nawabjaan, ndugu wa marehemu, naye anakuwa muimbaji na mchezaji kama mama yake. Mama na binti wote ni Meena Kumari.

Sasa twende kwenye treni. Usiku, Sahibjaan amelala ndani ya behewa, miguu imetiwa rangi nyekundu. Mwanamume anaingia kwa bahati mbaya, anaiona ile miguu, hamwamshi mtu. Anaandika kikaratasi, anakiacha miguuni na kushuka. Maneno yake kwa ufupi: nimeiona miguu yako, ni mizuri mno, usiishushe chini, itachafuka. Huyo ni Salim, yaani Raaj Kumar. Yule binti hajaiona sura ya Salim.

Halafu unakuja Chalte Chalte, shairi la Kaifi Azmi. Sahibjaan yuko kazini, wanaume wameegemea mito, yeye anaimba habari za mtu aliyekutana naye njiani tu. Wimbo unapoishia, mbali huko nje inasikika honi ya treni. Mtazame uso wake hapo. Mbele ya wateja wake hawezi kusema neno, lakini umeshaambiwa kila kitu: kila usiku treni ikipita, yeye hayupo pale chumbani. Ukiupeleka wimbo huo mbele, kuanzia hapo unamtazama mwanamke anayehuzunika bila sababu, na bila shaka utachoka.

Au chukua ule wa hemani, Mausam Hai Aashiqana. Mashua yake imevamiwa na tembo (ndiyo, tembo, vumilia), imepelekwa na maji hadi kwenye hema tupu mtoni, na anagundua kuwa hema ni la mwenye kikaratasi. Anavaa nguo za yule bwana, kanzu fupi na msuli, anazungukazunguka peke yake na kuimba. Hakuna mteja wala mlezi, hakuna anayemtazama. Katika picha nzima hapo ndipo anapoimba kwa raha yake mwenyewe. Dukani kwetu kina mama walikuwa wakicheka kumwona na msuli, kisha kicheko kinakatika chenyewe.

Na mwisho, Teer-e-Nazar. Salim alitaka kumwoa, akampa jina la Pakeezah, yaani aliye safi, akampeleka kwa shekhe. Binti akaogopa aibu atakayomletea, akasema hapana, akakimbia. Salim kwa hasira anaoa kwingine na kumwita yeye aje kucheza harusini. Anakuja. Anaivunja taa na kucheza juu ya vioo. Ile miguu iliyoambiwa isiguse ardhi inachapa damu kwenye shuka nyeupe, nyumbani kwa akina Salim, ambako ndiko kwa Shahabuddin, baba yake mzazi. Kamal Amrohi, mwandishi na mwongozaji, aliisubirisha ile habari ya miguu muda wote huo hadi pale.

Kitu kingine cha kukutuliza usirukeruke: aliyetunga muziki wa nyimbo hizi, Ghulam Mohammed, hakuiona filamu ikitoka. Alikuwa mpiga tabla na dholaki, akawa msaidizi wa mtunzi wa muziki Naushad kwa miaka mingi, na hapa alipata nafasi yake kubwa. Akafariki 1968. Naushad ndiye aliyemalizia muziki wa nyuma ya picha. Tuzo ya muziki ya Filmfare, zile tuzo kubwa za filamu za Kihindi, ilipotolewa ilikwenda kwa Shankar-Jaikishan kwa picha ya Be-Imaan. Pran, ambaye kwa picha hiyohiyo ya Be-Imaan alikuwa ameshinda tuzo ya mwigizaji msaidizi, aliikataa yake, akisema Ghulam Mohammed ndiye aliyestahili. Fikiria: mtu anakataa tuzo yake kwa ajili ya marehemu wa filamu ambayo yeye hayumo.

Umelalamika pia kwamba sura ya Meena Kumari inabadilikabadilika. Macho yako hayana tatizo. Amrohi alimwoa 1952, na picha hii wakaianza katika miaka hiyo ya 50, kwanza bila rangi, kisha wakaingia kwenye rangi na skrini pana. 1964 wakatengana, kazi ikalala. Iliamshwa tena 1969, baada ya Sunil Dutt na mkewe Nargis (wote waigizaji; huyu sio Nargis wa hadithi) kuwasihi wamalizie. Kufikia hapo Meena alikuwa mgonjwa wa ini. Ndiyo maana kwenye dansi ya vioo sehemu kubwa aliyechezeshwa ni Padma Khanna, amefunikwa ushungi, na ndiyo maana ule wimbo wa mashuani usiku, Chalo Dildar Chalo, unapigwa huku uso wake umegeuziwa upande. Picha ilitoka Bombay tarehe 4 Februari 1972. Meena akafariki tarehe 31 Machi mwaka huohuo, ana miaka 38, na watu wakajazana kwenye majumba ya sinema.

Sisemi haina kasoro. Raaj Kumar anazungumza kama anasoma hukumu, na mambo ya mwisho yanamalizwa harakaharaka kwa risasi moja ambayo hata leo naiona ya kulazimisha. Lakini sauti ya Lata Mangeshkar, ambaye ndiye anayemwimbia Meena, ikiingia, malalamiko yangu yanakaa pembeni.

Kuhusu kutojua lugha, usijipe taabu. Pwani yetu imepokea sauti za Kihindi miaka mingi bila kungoja mkalimani. Juma Bhalo wa Mombasa alijijengea jina kwa kuyaimba mashairi ya Kiswahili juu ya sauti hizo. Tafuta tu nakala yenye tafsiri chini inayotafsiri hata nyimbo, maana nyingi hutafsiri mazungumzo na kuziacha nyimbo kapa, ndipo watu kama wewe mnapodhani hazisemi kitu. Tumia spika, sio simu mkononi, la sivyo zile sauti za wanawake zinazoimba kwa mbali nyuma ya matukio hutazisikia. Kuna pia kipande cha zamani cha wimbo wa Inhi Logon Ne wa filamu hii, kisicho na rangi, kinachozunguka mtandaoni. Kitazame baada ya filamu, uone alivyokuwa kijana. Na kama muda ni mdogo kweli, yale mazungumzo marefu ya nyumbani kwa babu yake Salim yapitie upesi, mama hatakusema.