Kabeji ya Kichwa Cheupe

Juma hili mmetuuliza: ni chakula gani cha ugenini kilichokushinda mara ya kwanza, na hatimaye ukakiwezaje? Changu ni colcannon, viazi vya Waayalandi vinavyopondwa na mboga za majani. Najua wapo watakaocheka. Mtu aliyelelewa Nyandarua, Kenya, kwa mukimo, yaani viazi vinavyopondwa na mahindi na majani, atashindwaje na viazi na sukuma wiki? Basi huo mukimo ndio ulioniponza.

Nilikuwa nimepanga chumba Cork, kusini mwa Ayalandi, kwa mama mmoja mjane. Jioni moja nikajitolea kupika. Nikamenya viazi, nikavikatakata, nikavichemsha pamoja na majani, kisha nikaviponda na maji yake kidogo, kama tufanyavyo na majani ya malenge. Kikatoka chakula cha kijani, laini, kinateleza. Kwetu ningesifiwa. Yule mama alionja, akatua uma, akasema ni kitamu, ila colcannon siyo.

Akanieleza jina. Kwa Kiayalandi ni cál ceannann, yaani kabeji yenye kichwa cheupe. Ng'ombe mwenye baka jeupe usoni naye huitwa ceannann. Kwa hiyo weupe umo ndani ya jina lenyewe. Majani yaonekane kama madoadoa, yasipake sufuria nzima rangi.

Na adui wa weupe huo ni maji. Hapo ndipo nilipopata somo. Viazi viwe vya unga, vile vinavyopasuka ngozi vikiiva; yeye alipenda Kerr's Pink, vyenye ganda la waridi. Vichemshwe na maganda yake, vizima. Vikiiva mwaga maji yote, rudisha sufuria kwenye moto mdogo kabisa, funika kwa kitambaa cha jikoni badala ya kifuniko. Mvuke unanaswa na kitambaa, viazi vinakauka. Nilikishika kitambaa kile baada ya dakika tano: kilikuwa kimelowa chepechepe. Maji hayo yote mimi nilikuwa nikiyala.

Kisha menya vikiwa vya moto (utaunguza vidole, vumilia) na uponde papo hapo. Blenda usiiguse, utapata gundi. Sukuma wiki, au kabeji ukipenda, ing'olewe uti mgumu, ichemshwe pembeni kwenye maji ya chumvi, ikamuliwe sawasawa, ikatwe nyembamba. Kwa kilo 1 ya viazi, pasha robo tatu ya kikombe cha maziwa pamoja na vitunguu vya majani vilivyokatwa. Maziwa baridi hupoza viazi na kuvifanya vizito. Changanya kwa mwiko, chumvi, pilipili manga. Ukishapakua, fanya shimo katikati na utie pande la siagi liyeyuke humo. Unakula kuanzia pembeni, kila kijiko kikichovywa kwenye kile kisima. Siagi usiionee haya, wao hawaionei.

Chakula hiki ni cha mkesha wa Watakatifu Wote, 31 Oktoba, siku ambayo Wakatoliki zamani walijinyima nyama. Ndani yake walificha vitu vya kubashiria: pete kwa atakayeolewa, sarafu kwa atakayetajirika, kastabini ya fundi cherehani kwa atakayebaki bila mwenzi. Mama alifunga vyake kwa karatasi tusije tukavimeza. Mimi nilipata kastabini. Niliolewa mwaka uliofuata, na ndiyo ninayovaa nikishona vifungo vya shati la mume wangu.

Kiazi kule si jambo la mzaha. Ugonjwa ulioshambulia mashamba kuanzia 1845 ulileta njaa iliyoua watu takriban milioni 1, na wengine wengi wakapanda meli wasirudi. Sikuwahi kumwona yule mama akitupa hata kijiko kimoja.

Kilichobaki alikikaanga asubuhi kwa siagi, akikikandamiza kwenye kikaango bila kukigeuzageuza mpaka chini kikashika ukoko wa kahawia, kisha yai juu. Nikija likizo Kenya hutumia viazi vya aina ya Shangi, na hupika kingi makusudi. Usiku watoto wa dada yangu hulalamika kwamba ni mukimo usio na mahindi. Asubuhi, hicho kiporo wanakipigania.