Kwa mnaoanza kusoma tezi: ulizeni seli imebaki na nini

Wadogo zangu wa mwaka wa kwanza, mkifika kwenye mada ya tezi mtapewa jedwali la namna tatu ambazo seli za tezi hutoa mzigo wake: merokrini, apokrini, holokrini, na mifano pembeni. Wengi hulikariri usiku wa kuamkia mtihani, na kufika wodini halikumbukwi tena. Liacheni kwanza. Shikeni maswali mawili, na msiyachanganye. La kwanza: kinachotolewa kinakwenda wapi? Kikipita kwenye mrija hadi juu ya ngozi au ndani ya utumbo, tezi ni eksokrini. Kikiingia kwenye damu bila mrija, ni endokrini. La pili: baada ya kutoa, seli yenyewe imebaki na nini? Hili la pili ndilo litakalowasaidia kwa mgonjwa, kwa sababu linaeleza kitu ambacho jedwali halisemi: muda.

Anzeni na merokrini, ambapo seli hubaki nzima. Protini hutengenezwa, hupita Golgi (sehemu ya seli inayozipanga na kuzifungasha), hufungwa kwenye vifuko vidogo. Kifuko kikifika ukingoni utando wake unaungana na utando wa seli, kilichomo kinamwagika nje. Safari hiyo ilifuatiliwa na George Palade na wenzake kwenye kongosho la simbilisi, na mwaka 1974 Palade alikuwa mmoja wa waliopewa Tuzo ya Nobel ya tiba. Mate na vimeng'enya vya kongosho hutoka hivyo. Jasho la kawaida nalo huwekwa kundi hili, japo maji na chumvi zake hupita zaidi kwenye milango ya utando kuliko ndani ya vifuko.

Tezi ambayo mzigo wake uko tayari husikia amri ya neva papo hapo. Mtaliona hilo siku mtakapopokea mtu aliyekunywa dawa ya kuulia wadudu ya kundi la oganofosfati. Mate yanamtiririka, machozi yanamtoka, nguo zimelowa jasho, kifua kinakoroma kwa ute, mboni zimekuwa vitundu vya sindano. Kimeng'enya cha kuvunja asetilikolini, kemikali ambayo neva huamrishia tezi, kimezuiwa, kwa hiyo amri haikomi. Atropini, dawa inayozuia amri hiyo, huanza kukausha ndani ya dakika chache. Sikilizeni kifua mara kwa mara. Ute ukikauka na pumzi ikawa nyepesi, mmefika. Msihangaike na mboni.

Sasa wekeni slaidi ya ngozi chini ya hadubini, mtafute tezi ya mafuta pembeni mwa shina la unywele. Seli za ukingoni ni ndogo, zimekolea rangi. Hizo ndizo zinazogawanyika. Kadiri mnavyoingia katikati, seli zinanenepa, zinapauka, ndani zinaonekana kama povu, na kiini kinasinyaa hadi kuwa kidoa cheusi. Halafu seli haipo, imepasuka. Hiyo ndiyo holokrini: mafuta yanayotoka ni mabaki ya seli yenyewe. Dakika tano kwenye slaidi hii ni bora kuliko saa nzima ya kukariri.

Tezi ya namna hii haifanyi kazi kwa dakika. Hungoja seli zizaliwe, zijae, zife, na anayeiamrisha ni homoni, hasa androjeni (homoni za kiume, ambazo wanawake pia wanazo). Ndiyo maana chunusi huja na balehe. Ndiyo maana pia dawa za chunusi huchukua wiki kadhaa kuonyesha kazi. Mwambieni mgonjwa hivyo siku ya kwanza, la sivyo ataziacha mapema na kurudi kwenye krimu za mtaani. Tezi za mafuta za kope ni za kundi hilohilo, na mojawapo ikiziba na kuambukizwa bakteria hutokea chokea.

Apokrini ndiyo yenye utata. Kwa kanuni, seli humeguka kipande cha juu. Mfano mzuri ni titi linalonyonyesha: tone la mafuta hutoka likiwa limefunikwa utando wa seli, pengine na sehemu kidogo ya saitoplazimu, yaani ute wa ndani ya seli. Lakini kaseini, protini ya maziwa hayohayo, hutoka kwa vifuko, kimerokrini. Seli moja, njia mbili. Mkiulizwa titi ni tezi ya aina gani, andikeni zote mbili na sababu zake. Tezi kubwa za jasho za kwapani zimeitwa apokrini tangu zamani, ila vitabu vingi vya sasa vinasema hutoa zaidi kimerokrini. Mtihani wa kuchagua jibu hupenda sana mtego huo.

Kwa endokrini nitataja moja tu, thairoidi, tezi ya shingoni, maana inawachanganya hata walio wodini. Homoni yake huhifadhiwa nje ya seli, ndani ya koloidi, ute mzito ulio katikati ya tezi, akiba ya wiki nyingi. Ikihitajika, seli humeza koloidi, huikata, na kuachia homoni kwenye damu. Kabimazoli, dawa ya thairoidi inayotoa homoni kupita kiasi, huzuia utengenezaji mpya lakini haigusi akiba iliyopo. Kwa hiyo mgonjwa ataendelea kutetemeka na moyo kumwenda mbio kwa wiki kadhaa huku dawa anameza vizuri. Msikimbilie kumlaumu kwamba hamezi. Muulizeni daktari wa zamu kuhusu propranololi, dawa ya kupunguza mapigo ya moyo na kutetemeka, ya kumtuliza kwa muda huo, baada ya kuhakikisha hana pumu.