Njooni mtuhesabu Februari

Kamwene, Mhariri. Wiki hii mmetuuliza: "Nani hasa anastahili kuandikwa kwenye mpango wa kunusuru kaya maskini, na kijiji kitamjuaje?" Hapa kwetu wengi wamejibu kwa kutaja watu: mjane, mzee, mlemavu, mtoto yatima. Mimi nitataja mwezi. Anayestahili ni yule ambaye Februari hana unga ndani. Mkitaka kumjua, njooni Februari.

Nilikuwa mmoja wa watu waliochaguliwa na mkutano wa kijiji kupita nyumba kwa nyumba TASAF, Mfuko wa Maendeleo ya Jamii unaoendesha mpango huo, ilipokuja kwetu kwa mara ya kwanza. Kijiji chetu kiko wilaya ya Kilolo, upande wa juu wenye baridi. Mkutano ulifanyika Agosti, na kwetu Agosti ndio mwezi wa shibe. Mahindi yameshuka kutoka shambani, mengine yako uani yanapukuchuliwa, maharage yamejaa ndoo, harusi zinafuatana kila Jumamosi. Agosti hata fukara ana kitu sakafuni.

Wawezeshaji kutoka halmashauri walitutaka tutaje wenyewe sifa za kaya iliyo maskini kuliko zote. Tukazitaja: haina kipato cha uhakika, haimudu milo mitatu, watoto wake hawaendi shule au kliniki kwa kukosa mahitaji, makazi yake ni duni. Sifa hizo sina ugomvi nazo hata leo. Shida ilianza tulipofika milangoni na kuuliza, "Mnakula mara ngapi kwa siku?" Karibu kila nyumba ilijibu mara mbili au tatu, na walikuwa wanasema kweli. Walikuwa wanajibu la Agosti.

Tulifika kwa mama mmoja, mjane mwenye watoto wanne. Tulimkuta anapukuchua, na magunia matano yameegemea ukuta. Mwenzangu akaninong'oneza, "Dada, huyu tutamwandikaje na magunia matano yote haya?" Nikaona ana hoja. Tukamuaga yule mama, tukaenda nyumba ya pili. Jina lake halikusomwa kwenye mkutano, na hakuna aliyeinua mkono kuuliza kwa nini, mimi nikiwa mmojawapo.

Februari iliyofuata alikuja kwangu alfajiri, jembe begani, akaomba kibarua cha palizi. Nikataja malipo. Akasema, "Mama, hela usinipe. Nipe unga." Siku hiyo ndipo nilipomuuliza yale magunia yalikwenda wapi. Alinihesabia kwa vidole. Mawili alilipa deni, kwa sababu mwaka uliotangulia alikopa gunia moja wakati wa njaa, na kwetu gunia la Februari hulipwa kwa mawili ya mavuno. Yakabaki matatu. Kaya ya watu watano, ukibana sana, inamaliza kilo mbili za unga kwa siku. Gunia la kilo 100 kwa hiyo ni siku 50, na matatu ni siku 150. Anza kuhesabu Agosti mosi: siku ya 150 inaangukia tarehe 28 Desemba. Hapo sijatoa debe aliloweka la mbegu, wala madebe aliyouza kununua sare na madaftari ya shule kufunguliwa Januari. Magunia matano tuliyoyaona yalikuwa yameshaliwa kabla hatujaingia kwenye ile nyumba.

Na njaa hiyo inakuja wakati mbaya kuliko wote. Kwetu mvua ni ya msimu mmoja tu. Inaanza kati ya Novemba na Desemba, na mahindi mabichi hayaliwi kabla ya Aprili. Januari na Februari ndiyo miezi ya palizi na mbolea. Mtu asiye na unga hawezi kupalilia shamba lake, maana lazima apalilie la mwenzake ili ale jioni. Mama yule alipalilia ekari yangu ikapendeza, ya kwake ikafunikwa na majani. Julai mimi nikavuna vizuri, yeye akapata magunia manne. Nilimlipa haki yake yote, sikumpunja hata kilo, lakini najua kabisa kwamba mahindi yangu ya mwaka ule yalistawi kwa njaa yake.

Baada ya orodha ya kijiji huja dodoso. Wanauliza mko wangapi, nyumba imeezekwa kwa nini, sakafu ni udongo au saruji, mna redio, baiskeli, ng'ombe, kuku. Majibu hupelekwa makao makuu na kupigiwa hesabu huko, halafu majina yanarudi kijijini kuthibitishwa mbele ya mkutano. Wengine wanalibeza dodoso. Mimi ninaelewa kwa nini lipo. Utafiti wa mapato na matumizi ya kaya wa mwaka 2017/18 uliweka mstari wa umaskini wa chakula kwenye shilingi 33,748 kwa mtu mzima kwa mwezi, na ukakuta asilimia 8 ya Watanzania Bara wako chini yake. Lakini nani Kilolo anaweza kukwambia mwezi uliopita alitumia shilingi ngapi kwa chakula, wakati mahindi ni ya shambani na mboga ni ya bustanini? Kwa hiyo badala ya kuhesabu hela wanahesabu vitu vinavyoonekana. Na pasipokuwa na kipimo cha namna hiyo, wenye sauti kubwa mkutanoni wataandika shemeji zao. Tuliyaona matokeo yake mwaka 2016, serikali ilipoamuru uhakiki na maelfu ya kaya zisizostahili zikaondolewa kwenye mpango.

Ila bati haliliwi. Tuna bibi analea wajukuu watatu ndani ya nyumba ya matofali ya kuchoma yenye bati, aliyojengewa na mwanawe aliyekuwa akipasua mbao. Mwana alishafariki, bati limebaki. Tuna pia kaya iliyoandikwa kuwa ina binti mwenye ajira Dar es Salaam. Binti huyo anafanya kazi za ndani, kama mabinti wengi wa Iringa wanavyopelekwa tangu zamani, na ni mwaka wa pili hajatuma hata shilingi. Kaya ni wale wanaokula chungu kimoja. Ambaye hali hapo wala haleti chochote, kwa nini ahesabiwe kuwa nguvu ya nyumba?

Nirudi kwenye miezi, maana kosa hilohilo linafanyika ngazi ya mkoa. Mimi nimezaliwa Isimani na kuolewa Kilolo, kwa hiyo nimeishi na njaa za namna mbili. Isimani, ukitoka Iringa mjini kuelekea Mtera, palisifika kwa mahindi wakati wazazi wetu ni vijana. Leo ardhi imechoka na mvua inaruka. Mvua ikikosekana kule kila mtu anaona: mahindi yamekauka yakiwa kimo cha goti, diwani anapiga kelele, malori ya mahindi ya serikali yanakuja, na watu wanapanga foleni na viroba vyao mchana kweupe. Sisi tulikua tukila mahindi hayo na hatukuona aibu, kwa sababu njaa ilikuwa ya wote.

Kilolo hakuna lori litakalokuja. Februari Kilolo ni kijani mpaka macho yanauma. Mgeni akipita atasema hapa ni peponi. Mikoa yetu hii, Iringa, Mbeya, Njombe, Rukwa, Ruvuma, ndiyo inayoitwa ghala la taifa, na Wakala wa Taifa wa Hifadhi ya Chakula wana kituo cha kanda pale Makambako cha kununulia ziada yetu. Ukisema mbele ya watu kwamba katikati ya ghala kuna nyumba imelala na uji wa chumvi, utaambiwa huyo ni mvivu, au amemalizia mahindi kwenye ulanzi, pombe yetu ya mianzi. Wapo wa hivyo, sikatai. Lakini utafiti wa afya wa taifa wa mwaka 2022 ulikuta udumavu kwa watoto wa chini ya miaka mitano ni asilimia 56.9 Iringa, 50.4 Njombe na 49.8 Rukwa, wakati wastani wa taifa ni 30. Sababu ziko nyingi. Ipo sembe iliyokobolewa mpaka ikabaki nyeupe tupu, yupo mama anayeshinda shambani, yupo mtoto anayekula asubuhi na usiku tu. Hata hivyo zaidi ya nusu ya watoto wa mkoa mzima hawawezi kuwa watoto wa wavivu. Ziada ya mkoa haimaanishi kila nyumba ina kitu.

Nilipotoa hoja yangu ya Februari mbele ya mkutano wa mwaka juzi, baba mmoja ninayemheshimu alinipinga. Akasema, "Mwanangu, Februari kila mtu atasema ana njaa. Tutaandika kijiji kizima." Mtendaji akaongeza kwamba Februari barabara zetu ni utelezi, gari la halmashauri haliwezi kupanda. Hili la pili ni kweli, na nadhani ndiyo sababu kubwa ya utambuzi kufanyika kiangazi. Lakini wanaopita nyumba kwa nyumba ni sisi wanakijiji, na tunapita kwa miguu. Gari linaweza kuja Juni kuchukua tulichokwisha kukiandika.

La kwanza nalo lina jibu. Njaa ya Februari ina mashahidi, na shahidi mkubwa ni mwenye mashine ya kusaga. Huyo anajua kijiji kuliko balozi. Anajua nani alikuwa analeta debe kila wiki na tangu Januari analeta sado, kile kikopo kidogo cha kupimia, nani amekuja na kilo mbili akaomba asagiwe kwa mkopo, nani haji tena. Mwenye duka anajua nani ananunua unga wa nusu kilo. Sisi tunaotoa vibarua tunajua nani anaomba alipwe unga badala ya fedha. Mtu anaweza kudanganya mkutanoni, anaweza hata kuhamisha mbuzi kwa ndugu yake siku ya dodoso, lakini hawezi kudanganya mashine mwezi mzima.

Nina la kusema pia kuhusu fedha zenyewe. Ruzuku hutoka kila baada ya miezi miwili, ikiwa na masharti yake ya kliniki kwa wadogo na mahudhurio ya shule ya asilimia 80 kwa wanafunzi. Dirisha, yaani awamu ya malipo, likichelewa Juni, watu wananung'unika tu. Likichelewa Januari, mtu anakopa gunia moja kwa mawili, na kile mpango ulichokusudia kumpa anakibeba mkopeshaji. Zile ajira za muda nazo, za kuchonga barabara na kuchimba malambo, kwetu zikipangwa Januari zinamtoa mtu shambani kwake kama ninavyomtoa mimi. Ziwekwe Septemba mpaka Novemba, kabla mvua hazijashika, wakati jembe limepumzika na mahindi yana bei ya chini. Najua Pwani au Kagera kalenda ni nyingine. Basi kila kanda ipewe kalenda yake.

Utambuzi uliofuata ulikuja tena baada ya mavuno. Hatukuweza kubadilisha mwezi. Kitu kimoja tulipata: mkutano ulikubali kwamba kwa kila jina lenye ubishi, mwenye mashine aitwe asimame aseme Februari alimwona na nini. Alisimama mara kumi na moja siku ile. Kwa majina mawili alisema, "Hapana, huyu alikuwa anasaga debe zima," na wenyewe waliinamisha vichwa bila kubisha. Ilipofika zamu ya mama yule alisema neno moja tu, "Sado," na mkutano ukanyamaza. Jina lake likaandikwa, likapita kwenye dodoso, likarudi. La bibi wa nyumba ya bati tulilipeleka pia, halikurudi. Bado tunamlisha kwa zamu, nyumba tano za jirani.

Fedha ya dirisha la Septemba mama yule ananunulia mahindi, kidogo kidogo, madebe mawili, matatu. Hayaweki kwake. Anasema yakiwa ndani ya nyumba yake yatapata wenyewe, shemeji akija na shida, au mwanafunzi akidaiwa mchango. Anayaleta kwangu, nayaweka kwenye gunia lake lililofungwa kwa uzi mwekundu nyuma ya mlango wa stoo. Mwaka huu alikuja kulifungua tarehe 9 Februari, saa tatu asubuhi, akitokea kupalilia shamba lake mwenyewe.