Kunyausha Oleanda Hakuondoi Sumu

Swali: Daktari, nafuga mbuzi wa maziwa hapa Morogoro. Juzi tulipogoa ua wa oleanda na, kwa kuwa jirani alisema majani yakinyauka hayana madhara, tukayaanika siku mbili, kisha tukawapa mbuzi. Wawili wamekufa ghafla. Wa tatu hali wala hacheui. Nimemnywesha mafuta ya kula na maziwa. Je, nimchome OTC?

Jibu: Mama, pole sana kwa hasara. Usimchome OTC, kwa sababu hiyo ni antibayotiki ya kupambana na bakteria, ilhali sumu ya oleanda hushambulia moyo. Acha pia kumnywesha mafuta na maziwa, kwani mbuzi aliyelegea hamezi vizuri na anaweza kupaliwa, vikaingia mapafuni. Mweke kivulini, asitembezwe wala kukimbizwa, na umwite daktari wa mifugo leo hii ili asikilize mapigo ya moyo na, ikifaa, ampitishie kwa mpira hadi tumboni mkaa maalumu wa kunyonya sumu, ambao si ule wa jikoni uliotwangwa.

Kinachoniumiza, na ninakutana nacho kila kiangazi malisho yanapoadimika, ni hiyo imani ya kunyausha. Imetoka kwenye mihogo, na huko ina ukweli: majani ya mihogo yakianikwa, sianidi yake hupungua sana kwa kuwa hugeuka hewa na kupotea. Sumu ya oleanda haipotei hivyo. Jani likikauka, kinachopungua ni uchungu, kwa hiyo mbuzi ambaye angelikataa likiwa bichi hulitafuna kavu bila kusita. Gramu tatu hivi za majani makavu, ambazo hazijazi hata kiganja, zinaweza kumuua mbuzi wa kilo 25.

Wengine hujitetea kwamba mbuzi mwenyewe anajua jani baya. Akiwa malishoni penye majani ya kila aina, huonja na kuacha. Ukimkatia na kumjazia horini akiwa na njaa, umekwisha kumchagulia. Mbuzi mmoja niliyempasua baada ya kufa alikuwa na vipande vya oleanda tumboni, ule mshipa mweupe wa katikati ya jani ukionekana bado, vimechanganyika na matembele mazuri aliyokatiwa pamoja navyo.

Wapo pia wachuuzi wanaozunguka minadani na chupa moja wanayodai inaondoa kila sumu. Dawa ya namna hiyo haipo, na saa ambazo mfugaji anazipoteza akiisubiri ifanye kazi ndizo ambazo mnyama angeweza kuokolewa. Sumu za bustanini hazifanani: oleanda ya njano huua kwa moyo kama hii yako, lakini lantana huharibu ini, mnyama akawa na manjano na ngozi yake isiyo na manyoya ikaungua kwa jua, na mbegu za mbarika zikitafunwa huchoma utumbo. Tiba ya moja haiwezi kuwa tiba ya zote.

Mizoga ile miwili ifukiwe, isiliwe wala mbwa wasipewe, na maziwa ya huyu mgonjwa yamwagwe. Matawi yaliyobaki yafukieni shimoni mbali na banda, na kama kuna majani yaliyoangukia kwenye maji ya kunywa ya mifugo, mwageni maji hayo yote na kuosha chombo kabla ya kuweka mengine.